Huntha ni Nani?

Somo hili ni zito, nasi tumelisita muda mrefu. Mara chache huzaliwa mtoto ambaye mkunga amtazamapo hawezi kusema ni mwanamume au mwanamke. Kiswahili kina neno lake tangu zamani, huntha; basi asiseme mtu kwamba jambo hili limeletwa na watu wa mjini.

Sababu yake i mwilini. Tumboni mwa mama viungo vya uzazi vya watoto wote huanza kwa umbo moja, kisha hutengana kwa nguvu ya vichocheo vya mwili. Vichocheo vikipungua au vikizidi, umbo hubaki katikati. Hapana kosa la mama hapo, wala laana ya mizimu.

Lakini mvua ikikawia, watu hutafuta wa kulaumiwa. Usukumani, jirani zetu, vikongwe wameuawa kwa sababu ya macho mekundu, na wekundu ule ni wa moshi wa jikoni! Huntha naye hufichwa ndani, asipelekwe shule. Na mtu aliyezaliwa na umbo la kiume akiishi kama mwanamke, vijana humpiga, kisha hujisifu. Sheria haikuwapa fimbo hiyo: Katiba yetu, ibara ya 13, yakataza mtu yeyote kuteswa au kudhalilishwa, na Sheria ya Mtoto ya 2009 yakataza kumbagua mtoto kwa ajili ya kuzaliwa kwake.

Kenya jambo hili lilifika mahakamani. Mtoto mmoja alizaliwa Nairobi, na penye jinsi hospitali iliandika alama ya kuuliza tu. Mwaka 2014 Jaji Isaac Lenaola aliiagiza serikali itafute njia ya kuwatambua watoto wa namna hiyo. Hesabu ya watu ya 2019 ikapata huntha 1,524. Naona ni wachache mno. Nani amtajaye karani mtoto aliyemficha?

Someni Mathayo 19:12. Bwana awataja waliozaliwa hivyo tangu tumboni, wala hawalaumu.

Swali la kuzungumza darasani: Mama amekuletea mtoto huntha abatizwe. Daftari la kanisa lina nafasi mbili tu, mume na mke, na wazee wamesimama nyuma yako wakitazama kalamu. Utaandika nini, nawe utamwambia nini mama yule?