MTU HURU HAUZWI
Mafunzo kutoka katika biashara ya watumwa ya Bahari ya Atlantiki

Bismillahir Rahmanir Rahim.



Shukrani zote ni za Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), jamaa zake, masahaba zake na wote waliofuata njia yao kwa wema.

Ijumaa ya leo tunasoma habari ya utumwa. Tumechagua somo hili kwa sababu watoto wetu wanarudi shuleni na swali moja: ni nani aliyeleta utumwa katika nchi yetu? Huko wanaambiwa ni Waarabu na Waislamu. Wakifika nyumbani, sisi tunawajibu kwamba ni Wazungu na Wakristo. Kila mmoja anamnyoshea mwenzake kidole, na mtoto hafundishwi chochote. Tafadhali soma mpaka mwisho, kisha msomee na asiyejua kusoma.

1. UKUBWA WA MSIBA

Kuanzia miaka ya 1500 mpaka miaka ya 1860, watu kama milioni 12 na nusu walipakiwa katika merikebu kwenye pwani za Afrika ili wavushwe Bahari ya Atlantiki. Waliofika ng'ambo wakiwa hai walikuwa kama milioni 10 na laki 7. Hesabu mwenyewe, ndugu yangu: karibu milioni 2 walikufa njiani, wakatupwa majini bila sanda wala kaburi. Na hapo hatujahesabu waliouawa vijijini siku ya kukamatwa, wala walioanguka katika msafara kabla ya kuiona bahari.

Waliokwenda Brazili peke yake ni karibu milioni 5. Wengine walipelekwa visiwa vya Karibi, Amerika ya Kusini na Marekani. Kazi yao ilikuwa kulima miwa, tumbaku, kahawa na pamba, na kuchimba dhahabu.

Sasa sikiliza linalotuhusu. Karibu nusu ya watu hao wote, kama milioni 5 na laki 7, walitoka upande wa Kongo na Angola. Walipakiwa Loango, Malemba, Cabinda, Mpinda, Boma, Luanda na Benguela. Bwawa la Malebo, pale ambapo leo kuna Kinshasa na Brazzaville, lilikuwa soko kubwa la watu. Mateka walishushwa kwa mitumbwi kutoka mtoni juu, wakanunuliwa kwa nguo, bunduki, shanga na pombe, kisha wakatembezwa kwa miguu mpaka pwani.

2. MFALME AFONSO WA KONGO

Wareno walifika kwenye mdomo wa mto Kongo katika miaka ya 1480. Mwaka wa 1491 mfalme wa Kongo alibatizwa, na mwanawe Mvemba a Nzinga, aliyeitwa Afonso, alikuja kutawala baada yake mpaka karibu mwaka wa 1543. Afonso alikuwa mtu wa kusoma na mwenye kuipenda dini yake. Alijenga makanisa na shule, akaandikiana barua na mfalme wa Ureno.

Pamoja na hayo, Afonso alikubali mateka wa vita wauzwe. Aliona kwamba hao ni wageni, ni maadui, si watu wa nyumba yake. Lakini soko la watu halishibi. Wafanyabiashara walipokosa mateka wa vita, waliwatuma watu wao ndani ya nchi, na wenye tamaa wakaanza kukamata jirani zao.

Mwaka wa 1526 Afonso alimwandikia mfalme wa Ureno, João wa Tatu, kwa uchungu mkubwa. Alimweleza kwamba wafanyabiashara wanakamata raia wake kila siku, hata wana wa wakubwa na ndugu zake mwenyewe, na nchi inabaki tupu. Aliomba waletwe mapadri na walimu, na biashara ya watu ikome katika ufalme wake. Haikukoma. Mwaka huo huo aliweka watu watatu wa kuchunguza kama kila anayeuzwa ni mtumwa kweli au ni mtu huru aliyeibwa.

Fikiria jambo hilo. Mfalme aliyeufungua mlango alikuwa sasa anaweka walinzi ili jamaa zake wasipitishwe humo. Baada ya vita vya Mbwila mwaka wa 1665, ambamo mfalme António wa Kwanza aliuawa, koo za kifalme zilipigana wenyewe kwa wenyewe kwa miaka mingi, na kila upande uliuza mateka wa upande wa pili.

3. AYUBA BIN SULEIMAN WA BUNDU

Ndugu Mwislamu, usicheke ukisema hayo ni ya Wakristo. Msikilize ndugu yetu Ayuba bin Suleiman Diallo.

Alizaliwa karibu mwaka wa 1701 huko Bundu, katika nchi ya Senegali ya leo. Baba yake alikuwa imamu, na Ayuba mwenyewe aliihifadhi Kurani angali kijana. Mwaka wa 1730 baba yake alisikia kwamba merikebu ya Waingereza imefika mto Gambia. Akamtuma Ayuba na shughuli mbili: anunue karatasi, na auze watu wawili.

Ayuba hakupatana bei na nahodha wa merikebu, aliyeitwa Pike. Basi akavuka mto, ingawa baba yake alimkataza kuvuka, akawauza watu wale wawili kwa ng'ombe. Akiwa njiani kurudi alipumzika katika nyumba ya mtu aliyemfahamu, akatundika silaha zake ukutani. Wamandinka saba au wanane waliingia kwa mlango wa nyuma, wakamfunga yeye na mkalimani wake. Wakawanyoa vichwa na ndevu ili waonekane kama mateka wa vita, wakawapeleka kuuzwa. Aliyewanunua ni nani? Ni nahodha Pike yule yule.

Ayuba alijitambulisha, na nahodha akamruhusu atume habari nyumbani akombolewe. Lakini safari ilikuwa ya wiki mbili, na merikebu haikungoja. Baba yake alituma watumwa kadhaa ili wabadilishwe na mwanawe. Walipofika, merikebu imekwisha kwenda.

Ayuba aliuzwa Maryland, Amerika. Alitiwa katika kazi ya tumbaku akashindwa, akapewa kuchunga ng'ombe. Alikuwa akijitenga msituni ili asali, na mtoto mmoja wa Kizungu alikuwa akimfuata, akimcheka na kumtupia uchafu usoni wakati wa sala. Akatoroka, akakamatwa, akafungwa gerezani. Kisha akaandika barua ya Kiarabu kwa baba yake. Barua ile ilifika London mikononi mwa James Oglethorpe, ambaye aliitafsirisha na kuahidi fedha za kumkomboa. Mwaka wa 1733 Ayuba alifika Uingereza. Huko aliandika Kurani nzima mara tatu kwa kichwa, wakubwa wakamstaajabia, naye akarudi Afrika mwaka wa 1734.

Hapa wengi huishia na kusema alhamdulillah. Sisi tuendelee kidogo. Karani wa Kiingereza aliyekuwa Gambia, Francis Moore, aliandika kwamba Ayuba alipofika, kabla ya kwenda kwao, alinunua farasi wawili na mwanamke mtumwa. Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu. Habari za Ayuba ziliandikwa katika kitabu na Thomas Bluett, na sura yake ilichorwa London akiwa amevaa Kurani shingoni. Lakini wale wawili aliowauza kwa ng'ombe, kitabu hakikutaja hata majina yao. Nao walikuwa na baba, walikuwa na mama. Hakuna aliyewatumia fidia. Mwenyezi Mungu anawajua.

4. DINI YETU INASEMA NINI

Kurani katika Sura ya Al-Balad inataja kupanda njia ngumu ya mlimani, na jambo la kwanza katika kupanda huko ni kumwacha mtumwa huru. Katika Sura ya At-Tawba, aya ya 60, fungu moja la zaka limewekwa kwa ajili ya kuwakomboa walio utumwani. Sayyidna Bilal aliteswa juu ya mchanga wa moto, Abu Bakr akamnunua akamwacha huru, na sauti yake ikawa ya kwanza kuadhini.

Tena katika hadithi aliyoipokea Bukhari kutoka kwa Abu Hurayra, tunafahamishwa kwamba watu wa namna tatu watashitakiwa na Mwenyezi Mungu mwenyewe Siku ya Kiyama: aliyeahidi kwa jina lake kisha akavunja ahadi, aliyemuuza mtu huru akala thamani yake, na aliyemfanyisha mtu kazi mpaka ikamalizika kisha asimlipe.

Kwa hiyo milango ya kumwacha mtu huru ilifunguliwa tangu mwanzo. Waislamu wengi waliipita. Wengine wengi, kwa muda wa karne nyingi, waliipa mgongo wakaendelea kununua. Mwanachuoni Ahmad Baba wa Timbuktu, ambaye naye aliwahi kuchukuliwa mateka mpaka Marrakesh, aliandika karibu mwaka wa 1615 kwamba asili ya binadamu ni uhuru, na kwamba weusi wa ngozi haumfanyi mtu kuwa mtumwa. Alisema wazi, lakini faida ya soko iliwaziba watu masikio.

5. NA SISI WA MANIEMA?

Mto uliowashusha watu mpaka Boma ni huu huu tunaouita Lualaba huku juu. Mdomo wake ulilisha Brazili, na huku juu watu waliongozwa upande wa mashariki, kwenda Ujiji, Tabora na Unguja.

Nyangwe na Kasongo zilikuwa vituo vya pembe za ndovu na vya watu. Tarehe 15 Julai 1871, siku ya soko la Nyangwe, watu wa mfanyabiashara Dugumbe walipiga bunduki katikati ya wanawake waliokuja kuuza na kununua. Wengi walizama mtoni. Livingstone, aliyekuwapo, aliandika kwamba wafanyabiashara wenyewe walihesabu waliokufa kuwa kati ya 330 na 400. Hamed bin Muhammad, aliyeitwa Tippu Tip, alitawala kutoka Kasongo. Mwaka wa 1887 Leopold wa Pili, mfalme wa Ubelgiji, alimfanya liwali wa Stanley Falls, yaani Kisangani ya leo. Kisha kati ya 1892 na 1894 watu wa Leopold walipigana na Waarabu wakisema wanaondoa utumwa, na wao wenyewe wakawalazimisha wenyeji kuleta mpira kwa mjeledi na bunduki.

Usifiche lolote kati ya haya mbele ya mtoto wako. Dini ilifika kwetu katika msafara mmoja na minyororo. Wazee wetu wengi walioipokea walikuwa wenyewe mateka, na waliishika kwa sababu waliiona haki ndani yake kuliko waliyemwona ameibeba. Lugha yetu inaitwa Kingwana, na neno hilo linatoka kwa waungwana, watu huru. Wengi waliojiita hivyo walikuwa wamenunuliwa. Walijipa jina la kile walichokitaka.

6. MAFUNZO YA KWENDA NAYO NYUMBANI

Kwanza, dhambi ya biashara hii haina kabila wala dini moja. Mfalme aliyebatizwa aliingia humo, na hafidhi wa Kurani aliingia humo. Anayesema "si watu wangu" anapomwona mwenzake anauzwa, ajue zamu yake iko njiani.

Pili, acheni kuchunguza utumwa katika posa. Ukiletewa mchumba mwenye dini na tabia njema, usiulize kama babu yake aliletwa na msafara. Katika nchi hii, nani ana hakika juu ya babu yake?

Tatu, tazama ndani ya nyumba yako. Yuko msichana aliyeletwa kutoka kijijini kwa ahadi ya kusomeshwa. Anaamka kabla ya alfajiri, analala wa mwisho, shule hajaiona na mshahara hajaujua. Kumbuka wale watatu wa hadithi. Kabla ya Ijumaa ijayo, mlipe haki yake, umwandikishe shule, au umrudishe kwa wazazi wake kwa heshima.

Nne, ukiona mtoto anapelekwa mgodini au kwa watu wenye silaha, usinyamaze kwa kuwa si wako.

Ee Mola wetu, warehemu waliozama baharini na mtoni bila kaburi. Tusamehe yaliyofanywa na wakubwa wetu, na utukinge tusiyarudie. Amin.

Wabillahi tawfiq.

(Karatasi hii ina majina matukufu. Usiitupe chini. Ukimaliza, mpe mwenzako.)