Dhima ya Bendi ya Studio katika Mahojiano ya Televisheni

1.0 Utangulizi

Makala haya yanachunguza dhima ya bendi za studio katika vipindi vya mahojiano vinavyoonyeshwa usiku kwenye televisheni za Marekani. Muziki wa bendi hizo huchukuliwa na wengi kuwa pambo tu. Hoja yetu ni kwamba bendi ni mshiriki wa mazungumzo: ina zamu yake ya kusema, na ikipiga muziki huweza kutoa usemi wenye maana kamili.

2.0 Muziki kama Kituo

Katika The Tonight Show ya Johnny Carson (1962–1992), bendi iliyoongozwa na mpiga tarumbeta Doc Severinsen tangu 1967 ilifanya kazi inayofanana na ya vituo katika maandishi. Ilifungua kipindi, ilimkaribisha mgeni, na ilitenga mazungumzo na matangazo ya biashara. Katika vipindi vya aina hii, pigo fupi la ngoma baada ya mzaha huijulisha hadhira kwamba kauli imekwisha na kwamba zamu ya kucheka imefika.

3.0 Muziki kama Usemi

Paul Shaffer, aliyeongoza bendi ya David Letterman kuanzia 1982 hadi 2015, alizoea kumpokea mgeni kwa wimbo unaohusiana na jina au kazi yake. Maana ilimfikia yule tu aliyeujua wimbo.

Mfano mzito zaidi ni wa Novemba 2011. Mwanasiasa Michele Bachmann, aliyekuwa akiwania kuteuliwa kugombea urais, alipoingia katika kipindi cha Jimmy Fallon, bendi ya The Roots ilipiga wimbo wa kundi la Fishbone ambao jina lake ni tusi kwa mwanamke mwongo. Tusi lenyewe halikuimbwa; hata hivyo Fallon aliomba radhi. Waswahili tungekiita kitendo hicho kijembe. Kwa mtazamo wa isimu, radhi haiombwi kwa sababu ya pambo. Huombwa kwa sababu ya kauli.

4.0 Hitimisho

Mwaka 2024 bendi ya kipindi cha Seth Meyers iliondolewa ili kupunguza gharama. Ikiwa hoja yetu ni sahihi, kilichopunguzwa hapo si muziki pekee. Aliyeondolewa ni msemaji mmojawapo, na muundo wa mazungumzo yenyewe hauna budi kubadilika.