Matamanio na Haki ya Mke

Katika darsa letu aliinuka kijana mmoja aliyekaribia kuoa, akasema: "Sheikh wetu, josho la janaba tumefundishwa tangu chuoni, lakini hayo yatanguliayo josho hatukufundishwa na mtu. Je, kuyauliza ni utovu wa haya?" Baadhi ya waliohudhuria walicheka, wengine wakainamisha nyuso. Sisi tuliliona swali hili lastahiki jawabu kuliko mengi tuletewayo.

Wenye hikima wamekhitalifiana sana katika jambo hili. Augustine, askofu wa Hippo katika nchi iitwayo leo Algeria, aliyeishi tangu mwaka 354 hata 430, aliona kuwa matamanio ya mwili yameingiwa na maradhi kwa kosa la Adamu. Ndoa kwake ni njema, na kuzaa ni kwema. Lakini mume akimwendea mkewe kwa matamanio tu, bila ya kukusudia mtoto, amekosa, japokuwa kosa lake ni la kusameheka.

Baadaye sana akaja Kant, Mjerumani wa mji wa Königsberg (1724–1804), aliyefariki bila ya kuoa. Yeye alitazama heshima ya mtu. Alisema kuwa matamanio peke yake humgeuza mwenzio kuwa chombo: hutumiwa, na haja ikisha hutupwa, mfano wa limau lililokamuliwa. Hakuona pa kutokea ila ndoa, ambamo kila mmoja hujitoa mzima kwa mwenziwe, naye akampata mzima. Kwa hoja hiyo hiyo aliikataa ndoa ya wake wengi, kwani mke hujitoa mzima akapata kipande cha mume. Sheria yetu imeiruhusu kwa sharti la uadilifu. Na mwenye wake wawili atakaye kumjibu Kant, na amjibu kwa zamu zake, si kwa ulimi.

Tunakiri kuwa hoja ya limau imetuuma. Tunawajua waume wa miji yetu, waswalio safu ya mbele, ambao wake zao ndio hayo malimau.

Lakini Imamu Ghazali, aliyefariki mwaka 505 wa Hijra (1111), alikwisha kuiandika dawa yake zaidi ya miaka mia sita kabla ya Kant kuzaliwa. Tazama Ihyaa Ulumiddin, kitabu cha adabu za nikahi. Kwake matamanio yana kazi mbili: kumsukuma mtu atafute kizazi, na kumwonjesha ladha ndogo isiyodumu ili aitamani ile idumuo huko Akhera. Ladha hapa ni ishara, wala si doa.

Kisha anafika penye haja ya kijana wetu. Mume aanze kwa maneno ya upole na busu; na akisha kuipata haja yake asiinuke, bali amngoje mkewe mpaka naye aipate yake, maana huenda ya mke ikachelewa, na kumwacha njiani ni kumuudhi. Akakadiria na siku: mara moja kila usiku wa nne ni uadilifu, kwa kuwa ukomo wa wake ni wanne. Lakini hakusimama hapo. Alisema muda huo huzidi au hupungua kwa kadiri ya haja ya mke, kwani kumhifadhi ni wajibu wa mume. Kipimo, basi, kimetiwa katika haja ya mke! Ni wangapi kwetu wakijuao?

Hata azl, yaani mume kumwaga nje ili mimba isishike, Ghazali aliihalalisha, na miongoni mwa nia alizozikubali ni kuuhifadhi uhai wa mke na kuchelea taabu ya watoto wengi. Nia aliyoikataa ni ya kuogopa kuzaa mabinti.

Na kabla ya Ghazali na Kant kipo kisa katika Sahihi ya Bukhari. Salman alimzuru Abu Dardaa, akamkuta Ummu Dardaa hakujipamba, nguo zimemchakaa. Alipomuuliza, bibi alijibu kuwa Abu Dardaa hana haja na dunia. (Huku kwetu angaliyasema kwa kanga.) Salman akamfungulisha rafiki yake saumu, na usiku akamzuia na swala mpaka mwisho wake, akimkumbusha kuwa mkewe naye ana haki juu yake. Mtume (S.A.W.) alipopata khabari, alimsadiki Salman.

Pwani yetu humpa binti somo wa kumfundisha kabla ya harusi. Mvulana hana somo. Hujifundisha kwa mizaha ya barazani, na siku hizi kwa picha chafu za simu, ambazo hazina ila malimau.

Kwa hiyo tulikubaliana kuwa fungu hili la Ihyaa lisomwe kwa waliochumbia, baada ya Ishaa, na mlango urudishwe ili asiyethubutu kuuliza aulize. Usiku wa kwanza yule kijana alitangulia kufika. Wa pili alikuwa mzee mwenye wajukuu, akaketi nyuma kabisa, karibu na viatu.