Laptopu ya Kliniki Ikipotea, Una Saa 72

Kijitabu cha elimu kwa wahudumu na wateja wa kliniki za masikio

Kwa nini tumekiandika

Sheria ya Ulinzi wa Data ya Kenya ilianza kutumika tarehe 25 Novemba 2019. Si sheria ngeni tena. Hata hivyo, sharti lake moja lingali linapuuzwa: kutoa taarifa data ya mteja inapoangukia mikononi mwa asiyehusika. Tunalieleza hapa kwa lugha nyepesi ili asiwepo wa kusema hakujua.

Kilichomo kwenye kompyuta

Kliniki nyingi duniani hutumia Noah, programu ya shirika la HIMSA la Denmark. Faili moja humo hubeba jina la mteja, tarehe ya kuzaliwa, odiogramu zake (chati za vipimo vya kusikia), na jinsi vifaa vyake vya kusikia vilivyorekebishwa kila alipofika. Kwa kuwa urekebishaji hufanywa kwa kompyuta, laptopu husafiri na mhudumu hadi shuleni na kwenye kambi za matibabu. Ikiibwa kwenye matatu, wateja wote wameibiwa.

Kisheria, habari za afya ni data nyeti. Anayemficha mwajiri wake kwamba hasikii vizuri ameikabidhi kliniki siri ya riziki yake.

Saa zinaanza kuhesabiwa lini?

Zinaanza unapojua, si uchunguzi unapokwisha. Kifungu cha 43 kinasema hivi: data ikifikiwa na asiyeruhusiwa, na pakawa na hatari ya kweli ya kumdhuru mteja, Kamishna wa Data aarifiwe ndani ya saa 72. Mteja naye aarifiwe kwa maandishi ndani ya muda unaofaa. Kampuni inayochakata data kwa niaba ya kliniki ina saa 48 za kuiarifu kliniki.

Usimngoje fundi. Usingoje mwenye kliniki arudi safari. Umechelewa? Toa taarifa hivyo hivyo, ueleze sababu ya kuchelewa. Kunyamaza ni kuvunja sheria.

Laptopu ikipotea

1. Andika saa na tarehe ulipogundua.
2. Funga akaunti ya aliyekuwa akiitumia.
3. Orodhesha wateja waliomo kwa kutumia nakala ya akiba.
4. Mwarifu Kamishna: kilichotokea, hatua ulizochukua, na wa kuwasiliana naye.
5. Waarifu wateja, uwaeleze namna ya kujikinga.

Kabla haijapotea

Kila mhudumu awe na nywila yake. Nywila moja ya kliniki nzima ni mlango usio na kufuli: hutajua nani alifungua faili gani. Diski ya laptopu isimbwe kwa njia ya siri. Nakala ya akiba isikae kwenye mkoba mmoja na laptopu. Odiogramu isitumwe kwa WhatsApp binafsi ya mhudumu.

Nani husajiliwa?

Biashara ndogo nyingi zimesamehewa kujisajili kwa Kamishna wa Data. Watoa huduma kwa wagonjwa hawakusamehewa, hata wakiwa wawili tu.

Adhabu

Faini hufikia shilingi milioni 5 au asilimia 1 ya mapato ya mwaka uliotangulia, kiasi kilicho kidogo kati ya hivyo viwili.

Kwako mteja

Una haki ya kuuliza kliniki inahifadhi nini kukuhusu, na kurekebishiwa kilichokosewa. Ukifichwa, lalamika kwa Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data. Usipoweza kuandika, eleza kwa mdomo. Ofisi inapaswa kuliandika lalamiko lako na kulishughulikia ndani ya siku 90.