Saa Hutunzaje Majira? Somo Kutoka Nyanda za Juu Kusini

Tuchukue saa ya ukutani yenye penduli, iliyorekebishwa barabara Dar es Salaam, kisha tuipandishe Mbeya bila kuigusa. Ingawa joto litabaki lile lile, saa hiyo itaanza kuchelewa. Mbeya iko mita zipatazo 1,700 juu ya usawa wa bahari. Huko uvutano wa dunia hupungua kidogo, na penduli huyumba polepole zaidi. Hesabu huonyesha upotevu wa sekunde 15 hadi 23 kwa siku. Iringa, iliyo chini kidogo ya Mbeya, upotevu huwa mdogo zaidi.

Je, saa ya mkononi nayo itachelewa? Ili kujibu, yafaa tujue kwamba kila saa ina mambo matatu: chanzo cha nguvu, kitu kinachotetema kwa mwendo usiobadilika, na chombo cha kuhesabu mitetemo hiyo.

Katika saa ya kutia ufunguo, nguvu hutoka kwenye kamani iliyokunjwa. Kinachotetema ni gurudumu dogo lililofungwa kamani nyingine, nyembamba kama unywele, ambayo hulirudisha kila linapozunguka upande mmoja. Kipande chenye umbo la nanga huachilia meno ya gurudumu jingine, jino moja baada ya jingine. Hapo ndipo mlio wa "tik tik" hutokea, mara 5 hadi 8 kwa sekunde katika saa nyingi. Kwa kuwa gurudumu hurudishwa na kamani, wala si na uvutano wa dunia, kimo cha Mbeya hakiicheleweshi saa hii.

Saa ya kwatsi hutegemea tabia iliyogunduliwa na ndugu wawili wa Ufaransa, Pierre na Jacques Curie, mwaka 1880: baadhi ya fuwele zikibanwa hutoa umeme. Kinyume chake pia ni kweli: zikipewa umeme, hujikunja. Kwa umeme wa betri, kipande cha kwatsi chenye umbo la uma hutetema mara 32,768 kwa sekunde. Sakiti hugawa idadi hiyo kwa 2 mara 15 mfululizo, na kinachobaki ni mpigo 1 kwa sekunde. Saa ya kwanza ya mkononi ya namna hii kuuzwa madukani ilitoka Japani mwaka 1969.

Hata hivyo, kwatsi nayo ina adui wake, yaani badiliko la joto. Fuwele nyingi za saa hukatwa ili ziende sawa kwenye nyuzi 25 hivi za Selsiasi. Saa ikikaa siku nzima kwenye nyuzi 10, baridi ya kawaida ya usiku wa Julai Mbeya, huchelewa kiasi cha theluthi mbili za sekunde. Ikivaliwa mkononi, joto la mwili huisaidia.

Uzito wa kupima wakati ulidhihirika mwaka 1969, Erasto Mpemba, aliyesoma Mkwawa, Iringa, alipochapisha pamoja na mwanafizikia Denis Osborne uchunguzi kuhusu maji ya moto kuganda kabla ya maji baridi. Wenzake walilicheka swali lake. Wataalamu wangali wakilijadili. Swali la namna hiyo halijibiwi bila saa, na mpimaji sharti ajue kwanza tabia ya saa yake.

Zoezi: Ning'iniza jiwe kwa uzi ili penduli iwe na urefu wa sentimita 25. Liyumbishe kidogo, hesabu miyumbo 60 ya kwenda na kurudi, ulinganishe na saa. Rudia kwa sentimita 100. Muda umebadilika kwa kiasi gani?