Rachel Mwanza, Mchezaji wa Sinema

Wengi wetu tunajua majina ya wachezaji wakubwa wa sinema, wale wa Marekani na wa Nigeria. Mara hii tujifunze juu ya mchezaji ambaye ni mtoto wa inchi yetu.

Rachel Mwanza aliishi Kinshasa, lakini si katika nyumba. Alikuwa mmoja wa wale wanaoitwa kule shegue, na sisi huku tunawaita maibobo. Jamaa walikuwa wamemsingizia uchawi. Neno hilo si mchezo. Katika Kinshasa maelfu ya watoto wamefukuzwa kwao juu yake: baba anapoteza kazi, ama mtoto mchanga anakufa kwa homa, na palepale watu wanatafuta nani amemkula. Wanaonyesha yatima, ama mtoto wa mke wa kwanza, ama yule anayekojoa kitandani. Kuna hata wahubiri wanaosema wanaona uchawi ndani ya mtoto. Wanamfungisha chakula siku nyingi na kuomba wazazi pesa. Katiba yetu ya 2006, katika sehemu ya 41, inakataza kabisa kumshitaki mtoto uchawi. Ni wangapi kati yetu walijua hivyo?

Basi, Mbelgiji mmoja, Marc-Henri Wajnberg, alipiga filamu juu ya watoto kama hao, Kinshasa Kids, na Rachel alikuwa ndani. Tena Kim Nguyen, mtengenezaji wa filamu wa Canada, akafika Kinshasa kutafuta msichana kwa filamu yake Rebelle. Akamchagua Rachel.

Hapa tujifunze kidogo namna sinema inavyotengenezwa. Kwa desturi mchezaji anapewa maandishi mbele, anayashika kwa kichwa, na filamu inapigwa vipande vipande, pengine mwisho unapigwa mbele ya mwanzo. Rachel hakujua kusoma. Nguyen akapiga filamu kwa kufuata hadithi, siku kwa siku, na wachezaji hawakuambiwa kesho italeta nini. Kwa mawazo yetu, ndiyo sababu ule woga usoni mwa Rachel hauonekani kuwa wa kuiga.

Hadithi yenyewe ni nzito. Komona, msichana wa miaka 12, anakamatwa na waasi na kulazimishwa kuwaua wazazi wake kwa bunduki. Kisha waasi wanaona kwamba anajua mahali adui amejificha, wanamwita mchawi na kumheshimu. Sisi watu wa Uvira hatuhitaji maelezo marefu juu ya watoto na bunduki. Lakini tumfikiri Rachel mwenyewe: neno lilelile lililomtupa inje, sasa alilipwa kwa kulicheza!

Mwezi wa pili 2012, kule Berlin, alipewa Dubu wa Fedha, zawadi ya mchezaji bora mwanamke. Mwaka 2013 Rebelle ikasimama kwa jina la Canada kati ya filamu tano zilizoshindania Oscar ya lugha za kigeni. Amour ndiyo ilishinda.

Lakini zawadi hailipi masomo. Filamu inapigwa kwa majuma machache tu, halafu vyombo vinafungwa, wageni wanapanda ndege, na mtoto aliyetolewa barabarani anarudi palepale. Kule Brazil kijana maskini, Fernando Ramos da Silva, alicheza katika filamu Pixote, akasifiwa sana ulimwenguni. Alijaribu kuendelea na kazi hiyo, haikumwendea. Mwaka 1987 polisi wakamwua kwa risasi, umri wake miaka 19 tu.

Kwa Rachel, watengenezaji wa Rebelle walikubali kumlipia mahali pa kulala na shule mpaka atimize miaka 18. Akaanza kusoma akiwa msichana mkubwa, wakati wenzake wa umri ule walikuwa wamefika sekondari. Mwaka 2014 kikatoka kitabu chake cha Kifaransa, Survivre pour voir ce jour, alichokiandika pamoja na mwandishi mwingine. Ndani yake anaeleza yeye mwenyewe maisha ya barabarani, na lile neno walilomwita nyumbani.