Sam Kydd, Mchezaji wa Sehemu Ndogo

Sinema si kazi ya mtu mmoja. Yuko mchezaji mkuu, ambaye jina lake huandikwa kwa herufi kubwa, na nyuma yake wako wengine: mwenye teksi, mpagazi wa stesheni, askari, mwuza magazeti. Hao huonekana dakika moja au mbili, husema maneno machache, kisha huenda zao. Lakini wasiposadikika wao, mchezo wote hausadikiki. Katika kazi hiyo Uingereza ilikuwa na bingwa, jina lake Sam Kydd.

Alizaliwa Belfast mwaka 1915, akalelewa London. Katika ujana wake alifuatana na bendi ya muziki, akiwachekesha watu kabla ya waimbaji kupanda jukwaani. Vita vilipotokea mwaka 1939 alikuwa askari wa akiba. Akapelekwa Ufaransa, wala hakupigana siku nyingi, maana mwaka 1940 Wajerumani walimteka, wakamtia katika kambi ya mateka huko Thorn, nchini Poland.

Mateka huona njaa na baridi, lakini pengine adui yake mkubwa ni siku zisizo na mwisho. Basi Kydd akashika kazi ya kuongoza michezo ya kuigiza humo kambini. Wanawake hawakuwapo, hivyo sehemu zao zilichezwa na wanaume. Watu waliokuwa wakihesabu siku tu, sasa walikuwa na maneno ya kujifunza na nguo za kushona, na jioni moja ya kuingojea.

Baada ya miaka mitatu alipewa nafasi ya kurudishwa kwao. Nani asingeikubali? Kydd aliikataa, akabaki na wenzake ili michezo isikome. Akakaa huko mpaka vita vilipokaribia kwisha mwaka 1945. Kwa ukumbusho wa kazi ile alitunukiwa vinyago viwili vya uso, vilivyotengenezwa kwa waya wa miiba.

Mwaka 1946 ilitolewa sinema juu ya mateka wa vita, naye akapata sehemu ndani yake. Hakuhitaji kufundishwa jinsi mateka anavyosimama au anavyongoja chakula. Tangu hapo hakukosa kazi: alicheza katika sinema zaidi ya 200, mara nyingi akiwa baharia, askari au mchuuzi. Sehemu nyingine zilikuwa fupi hata jina lake halikuandikwa. Katika televisheni alipata bahati zaidi, kwani mwaka 1963 alianza kucheza Orlando, msaidizi wa mtu mwingine, na watu wakampenda hata mwaka 1965 Orlando akapewa mchezo wake mwenyewe kwa ajili ya watoto.

Mwaka 1973, miaka tisa kabla ya kufa kwake, Kydd alitoa kitabu. Wasomaji waliotazamia habari za sinema walikuta habari za kambi ya Thorn.